Nigeria ilizuia tambi za nje, ngano ikapita mlango mwingine

KWA zaidi ya miongo miwili, mfanyabiashara aliyetaka kuingiza tambi nchini Nigeria kwa njia halali amekuwa akipata jibu moja tu katika bandari za Lagos: hairuhusiwi. Tambi na makaroni zimo katika orodha ya bidhaa ambazo Forodha ya nchi hiyo imezipiga marufuku kuingizwa, pamoja na vitu vingine ambavyo serikali iliamua kwamba Wanigeria wanaweza kujitengenezea wenyewe.

Kwa kipimo cha rafu za maduka, uamuzi huo umefanikiwa. Kuanzia Lagos hadi Kano, pakiti za tambi zinazouzwa kwa wingi zimetengenezwa na viwanda vilivyomo ndani ya nchi, vikiajiri Wanigeria na kulipa kodi Nigeria. Taifa lenye watu zaidi ya milioni 200 linajilisha chakula ambacho zamani lilikiagiza kikiwa tayari kwenye pakiti.

Hata hivyo, mwaka 2024 mafanikio hayo yaliingia doa kubwa. Bei ya tambi, mkate na kila chakula kinachotokana na unga wa ngano ilipanda kiasi cha kuwafanya wananchi wa kipato cha chini kupunguza milo. Mwezi Juni mwaka huo, takwimu rasmi zilionyesha kuwa bei za vyakula zilikuwa zimepanda kwa asilimia 40.87 katika kipindi cha mwaka mmoja. Swali lililojitokeza ni hili: iweje nchi inayotengeneza tambi zake yenyewe iyumbishwe namna hiyo na dola?

Jibu lake halipatikani kiwandani. Linapatikana melini, kwa kuwa tambi za Nigeria hutengenezwa kwa ngano ambayo karibu yote hutoka ng'ambo.

Chakula cha zamani, kiwanda kipya

Si kweli kwamba tambi zililetwa Nigeria na viwanda vikubwa. Katika majimbo ya kaskazini, Wahausa wana jina lao la chakula hicho, taliya, na ipo aina inayotengenezwa kwa mikono ambayo imedumu hadi leo. Unga wa ngano hukandwa, hupitishwa katika mashine ndogo ya kuzungusha kwa mkono, kisha nyuzi zake huanikwa zikauke. Kazi hiyo kwa sehemu kubwa ni ya wanawake, nayo huwapatia kipato bila kuondoka nyumbani.

Ngano nayo si mgeni kaskazini. Huitwa alkama, na kwa vizazi vingi imelimwa katika mabonde yenye maji wakati wa baridi ya harmattan, kati ya Novemba na Machi. Kano kuna mkate wa bapa uitwao gurasa, ambao ni sehemu ya maisha ya mji huo kama ulivyo mkate wa mofa kwa watu wa mwambao wa Afrika Mashariki.

Kilichobadilika ni ukubwa wa mahitaji. Fedha za mafuta ya petroli zilipoanza kumiminika katika miaka ya 1970, mkate uligeuka kutoka chakula cha wachache na kuwa mlo wa kila siku mijini. Vinu vikubwa vya kusaga ngano vilijengwa bandarini, cha kwanza kikiwa kile cha Flour Mills of Nigeria, kampuni iliyosajiliwa mwaka 1960 na kufungua kinu chake Apapa mwaka 1962. Kujengwa bandarini kulikuwa na maana yake. Kinu kinachotazama bahari kimepangwa kula nafaka inayokuja kwa meli, si ile inayoletwa kwa lori kutoka mashambani.

Hali hiyo ilionekana mapema. Mwaka 1985 watafiti wawili, Gunilla Andrae na Björn Beckman, walichapisha kitabu kuhusu mkate na maendeleo duni ya Nigeria, wakaliita tatizo hilo mtego wa ngano. Hoja yao ilikuwa kwamba kadiri vinu, waoka mikate na walaji wanavyozoea ngano ya kuagiza, ndivyo inavyokuwa vigumu zaidi kwa serikali yoyote kujiondoa, kwa sababu kila anayenufaika na mfumo huo hugeuka kuwa mtetezi wake.

Marufuku mbili, matokeo mawili

Serikali ya kijeshi ya Jenerali Ibrahim Babangida ilijaribu kuuvunja mtego huo kwa nguvu. Kuanzia Januari 1987, uingizaji wa ngano ulipigwa marufuku kabisa. Lengo lilikuwa kuokoa fedha za kigeni, ambazo zilikuwa zimepungua baada ya bei ya mafuta kuanguka, na kuwalazimisha wenye vinu kumgeukia mkulima wa Kano, Sokoto na Borno.

Matokeo yalikuwa machungu. Wakulima walipanua mashamba, lakini mavuno yao hayakukaribia mahitaji ya vinu. Viwanda vingine vilisimama, vingine vikafanya kazi kwa sehemu ndogo ya uwezo wake, huku ngano na unga wa magendo vikivuka mipaka kutoka nchi jirani. Mwaka 1992 marufuku hiyo iliondolewa, na meli zikarudi.

Marufuku ya pili, ile ya tambi, ilikuja mwanzoni mwa miaka ya 2000 wakati wa utawala wa Rais Olusegun Obasanjo, naye akiwa na falsafa ya kujenga viwanda vya ndani. Safari hii serikali ilizuia bidhaa iliyokwisha kutengenezwa na kuiacha malighafi ipite. Mwenye kinu aliweza kununua ngano Marekani, kuisaga Lagos, kuigeuza tambi na kuuza katika soko ambalo mshindani wa nje hakuruhusiwa kukanyaga.

Kwa mwekezaji, hiyo ilikuwa neema. Tofauti kati ya marufuku hizo mbili inaeleza kwa nini moja ilidumu miaka mitano tu na nyingine imedumu zaidi ya ishirini. Ya kwanza iliwaumiza wenye vinu, ya pili iliwanufaisha.

Mwaka 2012, serikali ya Rais Goodluck Jonathan iliongeza ukuta mwingine. Ushuru na tozo za unga wa ngano kutoka nje vilifikishwa asilimia 100, na ngano yenyewe ikapandishwa kutoka asilimia 5 hadi 20. Fedha za tozo zilikusudiwa kusaidia kampeni ya kuchanganya unga wa muhogo katika mkate, wazo ambalo Obasanjo naye alikuwa amelijaribu mwaka 2005 kwa kutaka mchanganyiko wa asilimia 10. Muhogo unastawi Nigeria kuliko nchi nyingine yoyote duniani, lakini haukuweza kuchukua nafasi ya ngano katika viwanda. Kinachozipa tambi uwezo wa kuvutika bila kukatika na kuchemka bila kuvurugika ni protini ya ngano, nayo haimo katika muhogo.

Mwaka 2015 ulikuja ushahidi mwingine wa uzito wa ngano. Benki Kuu ya Nigeria, CBN, ilitangaza bidhaa 41 ambazo waagizaji wake hawangepata tena dola kwa bei rasmi. Mchele ulikuwamo, nyanya za kopo zilikuwamo. Ngano haikuwamo. Ilikuwa imekwisha kuwa kubwa mno kuguswa.

Vigogo wanunuana

Soko lililolindwa liliwavuta wenye mitaji mikubwa. Aliko Dangote, aliyeanza kama mfanyabiashara wa kuagiza sukari, mchele na vyakula vingine, aliingia katika usagaji wa ngano na kufungua kiwanda cha tambi Ikorodu, karibu na Lagos. Kampuni yake ya Dangote Flour Mills iliorodheshwa katika soko la hisa mwaka 2008. Flour Mills of Nigeria nayo iliimarisha jina lake la Golden Penny. Honeywell, BUA na wengine wakafuata, na Olam, kampuni yenye makao yake Singapore, ikaingia mwaka 2010 kwa kununua Crown Flour Mills.

Kisa cha Dangote Flour Mills ni funzo kwa anayedhani kwamba ulinzi wa serikali unatosha kumpa mtu faida. Mwaka 2012, Tiger Brands ya Afrika Kusini ilinunua zaidi ya asilimia 60 ya hisa za kampuni hiyo kwa takriban dola milioni 190. Tiger Brands haikuwa mgeni katika biashara hiyo, kwa kuwa ndiyo mwenye Fatti's & Moni's, mojawapo ya majina makongwe ya tambi na makaroni Afrika Kusini. Ilifika Nigeria ikakuta vinu vingi kuliko unga unaohitajika, washindani wanaoshushiana bei, hali mbaya ya usalama kaskazini na naira inayodhoofika.

Desemba 2015, miaka mitatu tu baadaye, kampuni hiyo ilirudishwa mikononi mwa Dangote kwa bei ya dola moja ya Marekani. Mwaka 2019 Dangote naye aliamua kujiondoa, akaiuza kwa Olam kwa makubaliano ambayo yalipotangazwa yalikuwa na thamani ya naira bilioni 120.

Olam ilikuwa imekwisha kununua vinu na kiwanda cha tambi vya BUA kwa dola milioni 275, katika makubaliano ya mwishoni mwa mwaka 2015. BUA ilirejea baadaye kwa kujenga upya biashara hiyo, na mwanzoni mwa mwaka 2022 BUA Foods ikaorodheshwa katika soko la hisa la Lagos. Mwaka huo huo, Flour Mills of Nigeria ilikamilisha ununuzi wa Honeywell uliotangazwa Novemba 2021.

Matokeo ya misukosuko hiyo ni kwamba biashara ya unga na tambi imejikusanya katika mikono michache. Hilo lina faida yake, kwani kampuni kubwa inaweza kuagiza meli nzima ya ngano, kuhifadhi akiba na kuhimili mwaka mmoja wa hasara. Lakini mlaji ambaye serikali imemfungia bidhaa za nje hubaki na wauzaji watatu au wanne wa kuwachagua. Wakipandisha bei kwa pamoja kwa kuwa gharama zao zote zinatoka mahali pamoja, hana pa kukimbilia.

Bei ya dunia yashuka, ya Kano yapanda

Gharama hizo zinatoka wapi? Katika miaka ya karibuni Nigeria imekuwa ikiagiza takriban tani milioni 5 za ngano kwa mwaka, na kuwa miongoni mwa waagizaji wakubwa barani Afrika. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 sehemu kubwa ilitoka Marekani. Baadaye Urusi, Kanada, Argentina, Australia na nchi za Baltiki zikapata nafasi.

Urusi ilipoivamia Ukraine Februari 2022, bei ya ngano katika soko la Chicago ilifikia rekodi mwezi Machi. Serikali nyingi za Afrika zililalamika, na zilikuwa na haki. Nchi mbili zilizokuwa vitani zilikuwa miongoni mwa wauzaji wakubwa wa ngano duniani, na bandari za Bahari Nyeusi zilifungwa kwa miezi kadhaa.

Lakini vita hiyo pekee haitoshi kueleza yaliyotokea Nigeria. Ilipofika mwaka 2023, bei ya dunia ilikuwa imerudi chini ya kiwango cha kabla ya vita, na katika mwaka 2024 iliendelea kuwa ya chini. Nigeria haikuonja nafuu hiyo. Juni 2023, wiki chache baada ya Rais Bola Tinubu kuapishwa, CBN iliacha kuilinda naira. Dola moja iliyokuwa ikibadilishwa rasmi kwa naira 460 hadi 470 ilifika naira 1,500 na zaidi katika mwaka 2024.

Hesabu ndogo inatosha kuonyesha uzito wa jambo hilo. Tuseme tani moja ya ngano inauzwa dola 300. Kwa kiwango cha naira 460, mwenye kinu anahitaji naira 138,000. Tuseme bei ya dunia imeshuka hadi dola 250, habari njema kwa kila mnunuzi. Kwa kiwango cha naira 1,500, mwenye kinu huyo huyo sasa anahitaji naira 375,000. Ngano imekuwa rahisi kwa dunia na kuwa ghali karibu mara tatu kwa Lagos, hata kabla ya kulipia usafiri, umeme, dizeli na karatasi ya kufungia.

Ukuta dhidi ya tambi za nje haukuwa na msaada wowote hapo. Ulijengwa kumzuia mshindani, haukujengwa kumkinga mlaji dhidi ya thamani ya fedha. Mchele ulipopanda, familia nyingi ziligeukia tambi kwa kuwa huiva haraka na hutumia gesi au mafuta ya taa kidogo. Wali wa jollof ukawa na ndugu yake, jollof ya tambi. Tambi nazo zilipopanda, kimbilio likapungua. Februari 2024, waoka gurasa wa Kano, wengi wao wanawake, waliandamana kulalamikia bei ya unga. Hao ndio watu wa mwisho katika mnyororo huu. Hawana meli wala akaunti ya dola, na wakipandisha bei ya mkate kesho, mteja wao hatanunua.

Njia ya Cotonou

Marufuku pia ilizaa biashara ya pembeni. Jirani wa magharibi wa Nigeria ni Benin, nchi ndogo ambayo kwa miaka mingi uchumi wake umetegemea kuingiza bidhaa kupitia bandari ya Cotonou na kuzipenyeza Nigeria. Mchele, kuku wa barafu na magari yaliyotumika vimepita njia hiyo. Tambi nazo hazikubaki nyuma. Taarifa za Forodha ya Nigeria hutaja mara kwa mara katoni za tambi za kigeni miongoni mwa bidhaa zilizokamatwa, katika mpaka wa Benin na hata katika mpaka wa Niger upande wa Katsina.

Sehemu ya tambi zinazofika katika eneo hilo hutoka Uturuki, nchi ya pili kwa kuuza tambi duniani baada ya Italia. Siri ya Uturuki inafaa kuangaliwa kwa makini, kwa kuwa nayo huagiza ngano nyingi kutoka nje, hasa Urusi. Serikali yake huwaruhusu wenye viwanda kuingiza ngano bila ushuru kwa sharti kwamba waiuze nje ikiwa unga, tambi au biskuti. Hivyo dola inayotoka kununua ngano hurudi na faida. Tambi za Nigeria, kwa sehemu kubwa, huliwa nyumbani na kulipiwa kwa naira. Dola inayotoka kununua ngano yake hairudi kwa njia hiyo.

Serikali ya Rais Muhammadu Buhari ilifunga mipaka ya nchi kavu kuanzia Agosti 2019 hadi Desemba 2020, ikisema inapambana na magendo. Wenye viwanda vya chakula walishangilia. Wafanyabiashara wadogo wa mipakani, pande zote mbili, walipoteza riziki. Mipaka ilipofunguliwa, magendo yaliendelea, kwa sababu tofauti ya bei kati ya pande mbili za mpaka ilikuwa bado ipo.

Mkulima wa Jigawa

Kama ngano ya nje ndiyo tatizo, kwa nini isilimwe ndani? Nigeria imekuwa ikijibu swali hilo kwa mipango mingi. CBN iliingiza ngano katika mpango wake wa mikopo kwa wakulima mwaka 2021. Novemba 2023, serikali ya Tinubu ilizindua jimboni Jigawa kilimo cha ngano cha kiangazi chini ya mpango unaosaidiwa na Benki ya Maendeleo ya Afrika kwa dola milioni 134. Taasisi ya utafiti ya Ziwa Chad iliyoko Maiduguri imezalisha mbegu zinazovumilia joto, na umoja wa wenye vinu umekuwa ukikubaliana na wakulima bei ya chini ya kununulia.

Pamoja na juhudi hizo, mavuno ya ndani yamebaki sehemu ndogo sana ya mahitaji. Sababu zake ni za kimaumbile na za kibinadamu. Ngano hupenda ubaridi, na kipindi cha ubaridi kaskazini mwa Nigeria ni kifupi. Mkulima akichelewa kupanda kwa wiki mbili au tatu, joto la Machi huikuta nafaka haijakomaa. Kipindi hicho hakina mvua, kwa hiyo lazima amwagilie, na wakulima wengi wadogo hutumia pampu za petroli. Ruzuku ya mafuta ilipoondolewa Mei 2023, lita moja iliyokuwa chini ya naira 200 ilipanda na kupita naira 480 katika siku chache tu.

Borno, ambayo ingekuwa ghala la ngano, imeteswa na uasi wa Boko Haram tangu mwaka 2009. Mradi mkubwa wa umwagiliaji kutoka Ziwa Chad ulioanzishwa katika miaka ya 1970 ulikwama baada ya maji ya ziwa kurudi nyuma na kuiacha mifereji mikavu. Na hata pale mavuno yanapopatikana, kuyasafirisha kutoka kaskazini hadi kwenye vinu vya Lagos na Port Harcourt kwa barabara mbovu kunaweza kumgharimu mnunuzi kuliko kusubiri meli.

Kuna pia suala la ubora. Tambi bora hutengenezwa kwa ngano ngumu aina ya durum. Italia iliweka sharti hilo katika sheria yake ya mwaka 1967 kwa tambi kavu zinazotengenezwa nchini humo. Viwanda vya Nigeria hutumia zaidi ngano ya kawaida, ile ile ya mkate, ili bei ifikiwe na mwananchi. Mlaji wa Kano hajalalamikia jambo hilo, na hiyo ni nafasi kwa mkulima wa ndani, kwa kuwa si lazima alime durum ndipo auze kwenye kiwanda cha tambi. Anachohitaji ni maji, bei ya uhakika na barabara.

Dirisha la siku 150

Julai 2024, shinikizo la bei lilimlazimisha Waziri wa Kilimo, Abubakar Kyari, kutangaza dirisha la siku 150 la kuingiza baadhi ya vyakula bila ushuru. Vilitajwa mahindi, mchele usiokobolewa kikamilifu, kunde na ngano. Zaidi ya hapo, serikali yenyewe ilisema ingeagiza tani 250,000 za ngano na kiasi kama hicho cha mahindi.

Orodha hiyo ilisema mengi. Tambi zenyewe hazikuguswa, marufuku yake ikabaki pale pale. Malighafi ndiyo iliyofunguliwa, ili wenye vinu wapumue na kwa matumaini kwamba nafuu ingemfikia mlaji. Lakini mkulima wa Jigawa, aliyekuwa amehimizwa miezi minane kabla alime ngano kwa ajili ya taifa, sasa aliambiwa ashindane na ngano isiyolipiwa ushuru. Mkono mmoja wa serikali ulipanda, mwingine ukang'oa.

Utetezi wa serikali ulikuwa mzito vilevile. Mtu mwenye njaa leo hawezi kuambiwa asubiri mavuno ya Machi. Katika mwaka 2025 naira ilitulia kiasi na kasi ya kupanda kwa bei za vyakula ikapungua, jambo lililoipa serikali nafasi ya kujisifu. Hata hivyo, utulivu wa fedha hauondoi utegemezi. Unaahirisha tu siku ya kuulipia.

Ukanda huu ujiangalie

Msomaji wa Dar es Salaam au Nairobi anaweza kuyaona haya kama matatizo ya watu wa mbali. Muundo wa ushuru wa Jumuiya ya Afrika Mashariki unaonyesha vinginevyo. Umoja wa Forodha ulioanza mwaka 2005 uliziweka bidhaa zilizokamilika, zikiwamo tambi, katika kundi la ushuru wa asilimia 25. Ngano ghafi iliwekewa asilimia 35 ili kumlinda mkulima, lakini kwa miaka mingi nchi wanachama zimekuwa zikiomba nafuu na kutoza asilimia 10, kwa sababu mavuno ya ndani hayatoshi.

Tanzania inahitaji takriban tani milioni 1 za ngano kwa mwaka, wakati takwimu za serikali za miaka ya 2021 na 2022 zilionyesha mavuno ya chini ya tani 100,000. Hii ni nchi ambayo tangu miaka ya 1970 iliendesha mashamba makubwa ya ngano Hanang' kwa msaada wa Kanada, kupitia shirika la NAFCO. Kenya hulima ngano Narok na Uasin Gishu, lakini nayo huagiza sehemu kubwa ya inachotumia. Tambi zinazopikwa kwa sukari na nazi mwezi wa Ramadhani katika nyumba za mwambao, kama zilivyo chapati na maandazi ya kila asubuhi, zinategemea meli zile zile.

Funzo la Nigeria si kwamba viwanda vya ndani havina maana. Vimetoa ajira, vimejenga ujuzi, na vimehakikisha kwamba faida ya kusaga na kufungasha inabaki nchini. Bila marufuku ile, huenda pakiti za Uturuki na Italia zingejaa Lagos, na dola nyingi zaidi zingetoka. Kosa lilikuwa kudhani kwamba kazi imekwisha pale pakiti ilipoandikwa imetengenezwa Nigeria. Kwa miongo miwili viwanda vililindwa bila kupewa ratiba ya kununua sehemu inayoongezeka ya ngano ya ndani, na mkulima aliitwa kila bei ilipopanda, akasahauliwa kila iliposhuka.

Wahenga walisema, mtegemea cha nduguye hufa maskini. Nigeria inajitengenezea tambi, lakini bado inategemea shamba la jirani wa mbali na fedha ya mwingine. Hadi mfereji wa Jigawa utakapokuwa na maji ya uhakika na barabara ya kwenda kwenye kinu itakapopitika, bei ya sahani ya taliya huko Kano itaendelea kupangwa Chicago na kwenye dirisha la kubadilishia dola.